Shauri Limeahirishwa Mpaka

Mpaka wetu ulikuwa kijito cha Nyalwiko,
upande huu Ikwavila, upande ule Lugema,
na mwanzi wa ulanzi ulioinamia maji
ulikuwa wa yeyote aliyewahi kuamka.

Mpaka walipokuja vijana wawili wa wilayani
na chombo kinachosemezana na setilaiti
na kopo la rangi nyekundu.
Wakapiga alama kwenye jiwe la kusagia la mama mkwe,
kwenye choo cha shule,
kwenye ukuta wa jiko langu, katikati ya kinu na mafiga,
kisha wakaomba maji ya kunywa. Tukawapa.

Tangu siku ile nalala Ikwavila
na kupika Lugema.
Ugali unahama kijiji kabla haujapoa.
Kuku wangu, ambao hawakuitwa kwenye kikao,
wanataga ugenini.

Mnacheka. Hata sisi tulicheka
mpaka msimu wa kupasua mbao.
Ile mipaini ya kule juu tuliipanda wenyewe,
mwaka wa baridi iliyounguza mahindi,
miche kichwani, watoto mgongoni,
kila kaya siku nne kwa wiki.
Ushuru wake sasa unasomwa Lugema,
na zahanati yetu imeishia kwenye lenta.

Tukaandika muhtasari. Mahudhurio: mia tatu na sita.
Asiyejua kalamu alitia dole gumba.
Tukachanga: debe la mahindi, chupa ya alizeti,
noti zinazonuka moshi.
Tukapata wakili, Sekela Mwambenja, binti mwembamba wa Mbeya
aliyesoma Tangazo la Serikali
kama fundi cherehani anayetafuta uzi ulipokatikia.
"Hapa," akasema. "Mkutano mkuu wa kijiji ulipaswa kuridhia.
Huo mkutano uko wapi?"
Tukashangilia. Tulidhani kuuliza ndiko kushinda.

Iringa mahakamani kuna baridi ya aina yake,
baridi ya sakafu iliyopigwa deki.
Mwombaji wa tatu, Tulalumba Nyaulingo:
jina langu liliitwa kama mzigo stendi.
Wakili wa Serikali akasimama, mpole, tai ya buluu.
Mheshimiwa Jaji, tuna pingamizi la awali.
Waombaji wamechelewa siku kumi na moja.
Na kiapo chao kina kasoro, aya ya sita.

Siku kumi na moja.
Nazijua moja moja.
Ndizo zile mvua ilipoila barabara,
lori la nguzo likalala darajani,
na sisi nyuma yake na karatasi zetu
ndani ya mfuko wa sukari.
Hilo halikuwa na aya.

Jaji hakuwa mtu mbaya. Alitazama viatu vyangu.
Akaandika, akaandika,
kalamu ikikwaruza kama panya darini,
ndipo karani akasoma:
shauri limeahirishwa mpaka
(akakohoa)
mpaka tarehe ishirini na tatu.

Nilikaa na neno lile ndani ya basi hadi Mafinga.
Bibi zetu walilitumia kwa mambo mawili
na hawakupotea njia:
mahali pa kuishia,
na muda wa kungoja.
Mimi nimepewa yote mawili, na sina hata moja.

Usiku nikamkuta wifi yangu Veneranda, wa Lugema,
jikoni kwangu, yaani kijijini kwake,
amewasha moto, ameinjika viazi.
"Wamesemaje?"
"Tungoje."
"Sisi tuliambiwa tumeshashinda," akasema,
akichochea kuni kwa ncha ya kandambili.
"Mbao zinapita kila siku. Madawati hatujayaona."

Hatukusema zaidi.
Ile rangi ukutani imeanza kuliwa na masizi,
ukiijua ndipo utaiona.
Akaepua, akamwaga maji, mvuke ukatufunika wote.
Chumvi ilikuwa upande wa kinu, Ikwavila.
Nikanyoosha mkono.